Herbert Reinecker aliandika epizodi zote 281 za Derrick peke yake, hii iliwezekanaje?

Kalamu_ya_Tandale

Wakuu habari za jioni. Mimi ni mwandishi wa skripti hapa Dar, nilianza na muvi fupi za mtaani nikapanda taratibu, sasa hivi kuna prodyuza ananipa dili la tamthilia ya epizodi tatu kwa wiki na anataka niandike mimi peke yangu mwanzo mwisho, anasema waandishi wakiwa wengi wanaharibu ladha. Nilipomwambia hiyo si kazi ya mtu mmoja akanijibu "mbona Wajerumani walikuwa na mzee mmoja aliandika Derrick yote". Nikajua ananipiga kamba tu, nikaingia Google, kumbe kweli bwana! Derrick ni tamthilia ya upelelezi, mzee anaitwa Herbert Reinecker, epizodi 281 kuanzia 1974 mpaka 1998, na mwandishi ni yeye tu. Tena kabla ya hapo alikuwa na nyingine inaitwa Der Kommissar, epizodi 97, nayo yote yake.

Sasa naomba wenye uelewa na mambo ya Ujerumani au waliosoma filamu huko mnisaidie. Alikuwa na vijana nyuma ya pazia wanaandika halafu yeye anaweka jina, kama tunavyojua baadhi ya wakubwa wa hapa wanavyofanya, au mfumo wao ndio ulikuwa tofauti? Na huyu mtu alianzia wapi, maana kila ukurasa ninaofungua ni Kijerumani kitupu na ile tafsiri ya mashine inanipa vichekesho. Halafu tafadhali msiniambie "pambana mkuu Mungu yupo", nataka ufundi.

Chaneli_Moja_Nakuru

Buda umenirudisha mbali sana. Sisi Kenya tulikua na chaneli moja tu, VOK, baadaye ikaitwa KBC, na vitu vya Wajerumani vilikuwa vingi kweli, Football Made in Germany, Telematch wale watu wamevaa mavichwa makubwa wanaangukiana kwa maji, na Derrick usiku. Kiingereza kilikuwa kimebandikwa juu, mdomo unaenda huku sauti inaenda kule, lakini baba yangu alikuwa anazima redio na kunyamazisha nyumba nzima. Mzee wa koti la mvua na macho yamevimba chini, anaingia kwa jumba la tajiri, anauliza maswali polepole, hapigani, hakimbizani na mtu, risasi ukiisikia ujue ni moja tu na imeisha. Sisi watoto tulikuwa tunaona inaboesha, tulitaka Wamarekani wapindue magari. Wazee ndio walikuwa wanaielewa.

Lakini kwamba ni mtu mmoja ameandika zote sikuwahi kujua. Wacha niketi hapa nisome.

Bint_Mzizima_Koeln

Kaka Kalamu salama? Mimi niko Köln, kazi yangu ni ya chumba cha kuhariri, si mwandishi ila skripti nazishika kila siku, na huku ukikaa na watu wa televisheni wenye umri huyo mzee atatajwa tu, wengine kwa heshima na wengine kwa kukunja uso. Ngoja nikupe kwa urefu.

Hakuwa na vijana wa kumwandikia. Aliandika mwenyewe, na ukiangalia epizodi kumi mfululizo utaamini bila kuambiwa, kwa sababu sauti ni ileile, hata mapungufu ni yaleyale. Kitu ambacho watu wengi hawakijui ni umri. Alizaliwa Hagen, mji wa viwanda kule Westphalia, 24 Desemba 1914. Derrick inarushwa mara ya kwanza Oktoba 1974, maana yake alikuwa amebakiza miezi miwili tu afikishe miaka 60! Na ya mwisho imerushwa Oktoba 1998, mzee ana 83. Umri ambao wengine wanahesabu pensheni yeye ndio kwanza anaanza kitu kinachokwenda kuuzwa nchi zaidi ya 100. Alikufa Januari 2007 akiwa na 92.

Kwa hiyo mtu unayemuona pale hakuwa kijana aliyeamka akaandika epizodi 281. Nyuma yake kulikuwa na kazi nzima nyingine. Miaka ya 50 alikuwa mwandishi wa sinema, mwaka 1954 akaandika Canaris, habari za yule mkuu wa ujasusi wa jeshi la Ujerumani, ikampa tuzo ya filamu ya taifa kwa skripti. Mwaka 1955 ikatoka nyingine kutoka kwenye hadithi yake kuhusu akina mama wanaokwenda mpaka mstari wa mbele kuwarudisha watoto wao waliochukuliwa vitani. Miaka ya 60 akaingia kwenye zile sinema za hadithi za jinai za Mwingereza Edgar Wallace, za London ya ukungu ambayo kwa sehemu kubwa ilipigwa hukuhuku Ujerumani, muuaji kavaa joho jekundu na kiboko mkononi, kelele, milango ya siri, basi raha tupu. Kadhaa kati ya hizo alitumia jina la bandia, Alex Berg. Pale ndipo alipojifunza kitu cha biashara, yaani namna ya kufikisha hadithi ya mauaji kwa wakati na kwa bajeti bila kulialia.

Halafu ikaja ZDF, kituo cha pili cha taifa, kilianza kurusha matangazo Aprili 1963, kipya, kina njaa ya vipindi. Reinecker akaanza kuwaandikia hadithi za jinai za sehemu tatu tatu kuanzia 1967, mitaa ilikuwa inakauka watu wakitazama. Januari 1969 ikaanza Der Kommissar, prodyuza Helmut Ringelmann wa München, mhusika mkuu kamishna Keller aliyechezwa na Erik Ode. Yote ilipigwa nyeusi na nyeupe mpaka inaisha 1976, wakati rangi tayari ipo! Mule ndani kulikuwa na askari kijana anaitwa Harry Klein, Fritz Wepper. Ringelmann na Reinecker walipoanzisha Derrick wakamhamisha Harry yuleyule na jina lake lilelile kwenda kwenye tamthilia mpya, na kule alikotoka nafasi yake ikachukuliwa na mdogo wake, yaani kwenye hadithi ni mdogo wake na kwenye maisha ya kweli pia ni mdogo wake, Elmar Wepper. Mimi hii ndio naipenda kuliko zote, unatatua tatizo la ajira kwa mstari mmoja wa skripti.

Ufundi sasa. Kwanza Derrick haina mwendelezo. Kila epizodi ni dakika 60, mtu kafa, tunamjua muuaji au tunamtafuta, imeisha. Ijumaa nyingine watu wapya kabisa. Mwandishi hana haja ya kukumbuka epizodi ya 40 nani alimdanganya nani. Pili Derrick mwenyewe hana maisha. Hana mke wa kugombana naye, hana mtoto anayevuta bangi, vimapenzi viwili vitatu vilipita vikafutika. Ukimuondolea mhusika mkuu familia umejiondolea nusu ya kazi, ubaya ni kwamba anakuwa kama samani. Tatu maeneo ni yaleyale, ofisi, jumba la tajiri München, baa, kando ya barabara usiku. Nne timu haibadiliki. Prodyuza mmoja, kituo kimoja, madairekta walewale wanaopokezana. Hakuna mtu anamuuliza mzee "hii sentensi umemaanisha nini", wanajua.

Na wala hakuvumbua kila kitu siku ya kwanza. Epizodi ya kwanza kabisa, Waldweg, ni mwalimu anayemuua msichana mwanafunzi kwenye njia ya msituni, na sisi watazamaji tunamjua muuaji tangu mwanzo, kazi yetu ni kumuangalia anavyobanwa. Ilikuwa staili ya Columbo, yule kachero wa tamthilia ya Kimarekani. Watu walizoea kutafuta muuaji wenyewe wakalalamika, mzee akageuza taratibu akarudi kwenye fumbo la kawaida. Kwa hiyo alikuwa anasikiliza pia.

Kalamu_ya_Tandale

Dada Bint asante sana aisee hii ni darasa. Hiyo ya kutokuwa na mwendelezo imenigonga kichwani. Yangu ni ya familia mbili zinagombania nyumba Kinondoni, kila kitu kinaendelea, na mama mkwe wa epizodi ya tatu akikohoa inabidi nikumbuke mpaka ya tisini.

Sauti_ya_Kinyume

Mnamsifia sana huyu babu ngoja niharibu shughuli. Dada Bint ameanza na miaka ya 50, mbona ameruka ya 30 na ya 40? Reinecker alianza uandishi kwenye magazeti ya vijana wa Hitler. Katikati ya miaka ya 30 alikwenda Berlin kuhariri jarida la watoto wa chama, vita ilipoanza akawa mwandishi wa habari wa kikosi cha propaganda cha Waffen-SS, lile jeshi la chama cha Hitler, na aliandika mpaka kwenye gazeti la SS. Mwaka 1944 akaandika sinema inaitwa Junge Adler, vijana kwenye kiwanda cha ndege, kazi kwa bidii, nidhamu, taifa kwanza, unajua maana ya hiyo sinema mwaka 1944. Dairekta Alfred Weidenmann. Halafu angalia huyohuyo Weidenmann ndiye anapiga Canaris 1954, na miaka ya 70 na 80 jina lake lipo kwenye orodha ya madairekta wa Derrick. Hiyo "timu haibadiliki" mnayoisifia ilianzia huko.

Na hiyo Canaris yenyewe iliyopewa tuzo, ukiitazama leo unaona kabisa inawapa watu wa 1954 kitu walichokitaka, afisa mkubwa wa Ujerumani aliyekuwa mtu mwema moyoni. Mwaka 1957 akaandika nyingine kuhusu rubani wa Kijerumani aliyepigana Afrika Kaskazini, sinema imejaa ushujaa na mchanga, Waafrika wenyewe ni mandhari tu.

Sisemi mtu asisome ufundi wake. Nasema ukiweka CV weka yote.

Bint_Mzizima_Koeln

@Sauti_ya_Kinyume umesema kweli na siwezi kubisha, nilikimbilia ufundi kwa kuwa ndio swali. Yote hayo yapo, na hakuyaficha sana kwa sababu mwaka 1990 alitoa kitabu cha maisha yake na humo anaeleza miaka hiyo, ila wengi wanaona alijieleza kwa upole kupita kiasi, kama mtu anayesimulia hali ya hewa.

Lakini tazama kichekesho kichungu. Mwaka 2013, Reinecker ameshakufa, Horst Tappert aliyecheza Derrick naye ameshakufa tangu 2008, ndipo ikagundulika kwenye nyaraka kwamba Tappert naye alikuwa Waffen-SS ujanani. Nchi nzima ikashtuka, ZDF ikasema hairudii tena Derrick, na Uholanzi nao wakafuta marudio. Mwandishi aliyekuwa kwenye propaganda yenyewe, habari zake zilikuwa zinajulikana miaka yote na tamthilia ilikuwa inarudiwa bila shida! Mwigizaji ndiye uso, watu wanaumia kwa uso. Mwandishi hana uso, anapita.

Na kuna watu wanaoiangalia Derrick kwa jicho hilo sasa, kwamba ndio maana kila epizodi ina familia inayojua kitu na imenyamaza, baba anajua, mama anajua, mtoto anajua, wote wanakunywa chai. Mimi hapo nakubali nusu. Familia zilizonyamaza ndio hadithi ya jinai popote duniani, hata Buguruni. Ila mtu aliyeishi miaka ile akaandika ukimya mara 281, huwezi kusema ni bahati tu.

Chaneli_Moja_Nakuru

Wueh! Na baba yangu alikuwa anatuambia "oneni vile mzungu ako na adabu".

Ngoja nichangie kwa ufundi pia kwa sababu hiyo siku ya Derrick niliijua kwa masikio. Kulikuwa na namna moja ya kuongea mle ndani, hata kwa ile sauti ya kubandikwa ilikuwa inasikika, mtu anajibu, mwingine anarudia jibu, wa kwanza analirudia tena. Nimetunga mfano wangu tu lakini wale waliotazama watacheka:

Alitoka saa ngapi?
Saa mbili.
Saa mbili.
Ndiyo. Saa mbili.
Na hakusema anakwenda wapi.
Hakusema. (anaenda dirishani) Hakuwa mtu wa kusema.
Hakuwa mtu wa kusema...

Ukurasa mzima umejaa na bado hatujaambiwa chochote, lakini weh, hofu inapanda! Mtu wa dirishani lazima anaficha kitu. Sisi tulikuwa tunaigiza hivyo shuleni, "umekula?" "nimekula" "umekula...", prefekti anachanganyikiwa.

Mkasi_wa_Mhariri

Kalamu mdogo wangu, mimi ni mhariri wa skripti hapahapa mjini, naomba nikutolee hesabu kwa sababu prodyuza wako amekupa mfano unaomfunga yeye mwenyewe.

Epizodi 281 ndani ya miaka 24. Gawanya. Ni kama kumi na mbili kwa mwaka, yaani MOJA KWA MWEZI. Chukua na Der Kommissar, 97 kwa miaka saba, hapo ni kumi na nne hivi kwa mwaka. Huyo mzee kwa wastani alikuwa anaandika kama saa moja ya televisheni kwa mwezi mmoja. Sasa wewe, epizodi tatu kwa wiki, toa matangazo tuseme inabaki dakika 22 kila moja, ni saa moja na dakika sita KWA WIKI. Unaombwa ufanye kazi ya Reinecker mara nne na zaidi, tena yenye mwendelezo, tena bila mtu wa kukusomea. Mchapishie hiyo hesabu umpelekee. Usimwambie ni ngumu, mwambie "Mjerumani wako alikuwa na wiki nne".

Halafu na hata hivyo ilimchosha. Ukiangalia zile za miaka ya 90 mzee anaanza kuhubiri, Derrick anakaa kwenye kiti anazungumza kuhusu uovu wa binadamu dakika tano, maiti imesahaulika, vijana wa disko wanaongea kama wachungaji. Wakosoaji wa Ujerumani walimchamba sana kwa hilo. Umberto Eco wa Italia aliandika kuhusu Derrick pia, hoja yake ni kwamba kinachowashika watu ni ule ukawaida wake wa kupitiliza, na mimi nadhani ukawaida huo ndio unaopatikana ukimwacha mtu mmoja aandike robo karne. Ladha moja, ndio. Lakini ladha moja kila mara ni wali mkavu.

Angalia kituo jirani, ARD. Wao tangu Novemba 1970 wana Tatort, nayo ni jinai, ila kila kituo cha mkoa kina makachero wake na mji wake, na waandishi ni wengi, wanabadilika. Kuna epizodi mbovu kupindukia na kuna ambazo watu wanazitaja mpaka leo. Ipo hewani mpaka sasa ninavyoandika hapa. Derrick iliisha 1998, wakampandisha cheo kachero akapelekwa Europol, polisi wa Ulaya, basi, mwisho. Haikuwahi kuwa na mwandishi mwingine.

Prodyuza anayetaka kitu kidumu hataki mwandishi mmoja. Anayetaka kulipa mshahara mmoja ndiye anataka mwandishi mmoja. Samahani nimesema.

Mlinzi_wa_Reli

Mimi nachomeka kidogo tu, kama mnataka mwandishi wa Kijerumani wa kusomea basi msiishie kwa Reinecker. Mtafuteni Wolfgang Kohlhaase. Mtoto wa Berlin, kazaliwa 1931, alifanya kazi upande wa mashariki kwenye studio za DEFA. Mwaka 1957 aliandika Berlin – Ecke Schönhauser, vijana wa kona wanaokaa chini ya reli ya juu hawana la kufanya, wakubwa wa chama hawakuipenda hata kidogo kwa kuwa iliwaonyesha vijana walivyo. 1980 akaandika na kuongoza pamoja na Konrad Wolf Solo Sunny, habari za mwimbaji wa bendi za mikoani. Ukuta wa Berlin ukaanguka, wenzake wengi wa mashariki wakapotea kazini, yeye akaendelea kama kawaida, 2005 akatoa Sommer vorm Balkon watu wakajaa kumbini, na Berlinale, tamasha la filamu la Berlin, wakampa Dubu wa Dhahabu wa heshima mwaka 2010. Alikufa 2022 ana miaka 91. Idadi ya kazi zake ukiilinganisha na za Reinecker ni ndogo sana, ila kila mtu kwenye sinema zake anaongea kama mtu wa mtaa wake. Hilo ndilo ningemtamani mwandishi wa familia mbili za Kinondoni alijifunze, si wingi.

Sauti_ya_Kinyume

Kohlhaase sina la kusema, huyo nampa kiti.

Kalamu_ya_Tandale

Wakuu mmenifungua. @Mkasi_wa_Mhariri kaka ile hesabu nimeifanya mara mbili nikidhani umekosea. Sasa swali la pili, huyu mzee pesa aliipataje? Maana hapa kwetu ukishauza skripti umeuza, wanairudia miaka mitano wewe unapita unajiona kwenye tivii ya kinyozi na mfukoni huna nauli. Na siku hizi waandishi wa huko wapoje, bado ni mtu mmoja mmoja?

Bint_Mzizima_Koeln

Kaka hapo ndipo penye tofauti kubwa kuliko kipaji. Kwa mikataba ya zamani ya vituo vya umma huku, kipindi kikirudiwa mwandishi analipwa tena. Sasa fikiria tamthilia inayorudiwa mchana, usiku wa manane, halafu inauzwa Ufaransa, Italia, Norwei, China. Juu yake kuna chama cha kukusanya haki za waandishi, VG Wort, kipo tangu 1958, kinachukua tozo na kuwagawia waandishi. Kwa hiyo mtu aliyekuwa na mamia ya saa kwenye makabati ya ZDF hakuwa na sababu ya kukimbizana na epizodi tatu kwa wiki. Siku hizi kampuni nyingi zinataka kununua haki zote mara moja, na waandishi wanapiga kelele kwelikweli.

Na upande wa heshima napo si kwamba wamefika. Mwandishi wa huku mpaka juzi alikuwa anaandika, anakabidhi, halafu anakutana na kazi yake kwenye tivii kama wewe kwa kinyozi, mstari umebadilishwa na mtu asiyemjua, kwenye gazeti jina la dairekta tu. Mwaka 2018 kundi la waandishi wa skripti wakachoka, Annette Hess akiwemo, huyu ndiye mwandishi wa Weissensee na Ku'damm 56, wakatoa kitu wanakiita Kontrakt 18. Wakasema hatusaini mkataba wowote usiotupa sauti kwenye skripti mpaka toleo la mwisho, lazima tualikwe kwenye usomaji wa pamoja na waigizaji, lazima tuone mkato wa awali, lazima jina letu liwepo kila mahali kipindi kinapotangazwa. Makumi ya waandishi wakasaini hadharani. Maprodyuza walinuna, wengine wakasema ni ubabe. Ila ilisaidia.

Siku hizi pia kuna hawa wa Netflix, Jantje Friese aliyeandika Dark, ilitoka 2017 mpaka 2020, yeye na mwenzake Baran bo Odar ambaye ndiye dairekta. Yeye ndiye kichwa cha waandishi ila hakuandika peke yake, alikuwa na wenzake wachache mezani, na kwa mkorogo ule wa miaka na nasaba asingeweza vinginevyo, mtu mmoja angepotea na babu yake mwenyewe. Sizoni tatu, epizodi 26 tu, na wakaacha wakati watu bado wanataka. Linganisha na 281.

Chaneli_Moja_Nakuru

Dark niliangalia na karatasi ya kuandika majina mkononi, bado nikashindwa.

Mkasi_wa_Mhariri

Basi Kalamu, kwa kuwa umeomba ufundi tumalizie na ufundi. Kama huwezi kuliacha hilo dili, na najua huwezi maana kodi ipo, fanya hivi. Wewe uwe kichwa, uandike mpango wa hadithi nzima na epizodi ya kwanza ya kila wiki. Zile nyingine mbili wape vijana wawili, wewe unazipitia mwisho, hapo ladha anayoililia prodyuza ipo na wewe unalala. Weka daftari moja la nani anajua nini kuhusu ile nyumba, liwe moja, lisiwe kwenye vichwa vitatu. Punguza watu, Reinecker aliishi kwa kupunguza watu, kama shangazi wa Morogoro hana kazi ndani ya wiki mbili mrudishe Morogoro.

Kwenye karatasi, dai malipo ya marudio hata kama ni kidogo, na kama wakikataa dai mkataba uwe wa sizoni moja na haki zirudi kwako baada ya muda mnaokubaliana, iandikwe tarehe. Majina ya wale vijana yaingie kwenye kredit, la sivyo kesho utakuwa wewe ndiye yule mkubwa uliyemuuliza kwenye swali lako. Kasajili kazi COSOTA, ofisi ya hakimiliki, kabla hujatuma faili lolote. Na usimtumie epizodi zote kwa mkupuo, tuma za wiki mbili, akilipa tuma nyingine.

Kalamu_ya_Tandale

Kaka hiyo ya kutuma kwa wiki mbili mbili peke yake ingeniokoa mwaka jana. Nina kikao naye Jumatatu, nakwenda na ile hesabu ya wiki nne nimeiprinti. Dada Bint, ukipata ile ya mwalimu na njia ya msituni yenye maandishi ya Kiingereza chini niwekee linki pm, nataka nione anavyombana mtu ambaye sisi tayari tunamjua.